Nyiragongo na mji wake: maswali ambayo watu wa Goma huuliza kuhusu uangalizi wa volkano

Maswali haya hurudi kila mara anga la kaskazini linapokuwa jekundu usiku au mabati yanapolia kwa tetemeko. Yanaulizwa Birere, Majengo, Ndosho, kwenye foleni ya maji na mbele ya kanisa baada ya ibada. Majibu yanahusu jinsi mambo yanavyofanya kazi. Hali ya leo ya mlima isikilize redioni au kwenye taarifa za OVG (Observatoire Volcanologique de Goma) yenyewe, kwa sababu hubadilika na ukurasa huu haubadiliki nayo.

OVG ni nini hasa, na inafanya nini?

Ni kituo cha serikali ya Kongo kinachoangalia volkano, chenye makao yake hapa Goma. Ndani yake kuna wataalamu wa mitetemeko, wa gesi, wa vipimo vya ardhi, na mafundi wanaopanda milima na betri mgongoni. Mizizi yake iko Lwiro, Kivu ya Kusini, kwenye kituo cha utafiti wa sayansi asilia ambako mitetemeko ya eneo letu ilirekodiwa tangu enzi za ukoloni. Inashirikiana na wenzao wa nje, hasa Makumbusho ya Tervuren nchini Ubelgiji na kituo cha jiodinamiki cha Luxembourg, waliosaidia kuweka mtandao wa sismografu na wa GPS kuzunguka milima.

Watu wengi huchanganya jambo moja. OVG haihamishi mtu. Inapima, inasoma vipimo, inashauri. Amri ya kuhama hutoka kwa mkuu wa jimbo, na utekelezaji wake ni wa Protection Civile (idara ya ulinzi wa raia), meya, polisi, machifu wa kartie, yaani mitaa, na wa nyumba kumi. Tukiwa na hasira baada ya mlipuko, tuulize kwanza ni hatua ipi iliyokwama: kipimo, ushauri, uamuzi, au tangazo lenyewe kutotufikia.

Inaangalia milima mingapi?

Miwili kwa karibu sana: Nyiragongo yenye mita 3,470 na Nyamulagira yenye mita 3,058. Nyamulagira ndiyo inayolipuka mara nyingi zaidi, zaidi ya mara 40 tangu mwisho wa karne ya 19, lakini mara nyingi lava yake huishia ndani ya Hifadhi ya Virunga. Wakati mwingine hufika mbali: mlipuko wa 1938 hadi 1940 ulifikisha lava Ziwa Kivu, upande wa Sake. Nyiragongo hulipuka kwa nadra. Tangu ziwa la lava la kasoko yake, yaani shimo la kileleni, lianze kufahamika kwa watafiti mwaka 1948, lava imeshuka ubavuni mara tatu: 1977, 2002 na 2021. Tofauti ni kwamba Nyiragongo ina mji wa zaidi ya watu milioni moja miguuni pake.

Mikeno, Karisimbi, Sabinyo na milima mingine ya Virunga imelala, ingawa kando ya Visoke kulitokea mlipuko mdogo mwaka 1957.

Mashine ziko wapi, na zinapima nini?

Kazi kubwa hufanywa na sismografu, mashine ya kupima mtikisiko wa ardhi. Kihisi chake hufukiwa chini ili kisisumbuliwe na upepo, magari na mbuzi. Juu yake kuna paneli ya sola, betri na antena inayotuma mawimbi hadi Goma mchana na usiku. Vituo vimetawanywa makusudi, kuanzia Rusayo, Kibumba na Bulengo hadi upande wa Rutshuru, kwa sababu kituo kimoja kinaweza kukuambia tu kwamba ardhi imetikisika. Ili kujua imetikisikia wapi na kwa kina gani, unahitaji vituo vitatu au vinne vilivyosikia tetemeko hilohilo kwa nyakati zinazotofautiana kidogo. Kila kituo kinachozimika kinafuta sehemu ya ramani.

Mtaalamu aliyekaa mbele ya skrini hahesabu mitetemeko tu, anatazama sura yake. Mwamba ukivunjika, mchoro huanza ghafla na kwa ukali, kisha hufifia. Magma (mwamba ulioyeyuka ambao bado uko chini ya ardhi) au gesi ikisukumana ndani ya mlima, mawimbi huja polepole na kwa urefu. Magma ikitembea mfululizo karibu na uso wa ardhi, mchoro huwa mtetemo usiokatika, unaoweza kudumu saa nyingi. Ugumu wetu wa hapa ni kwamba milima hii miwili, ikiwa na lava wazi ndani ya kasoko, hutetema karibu kila siku. Mlima mwingine ukitetema hivyo, watu wangehamishwa kesho yake. Hapa hiyo ni hali ya kawaida, na anayesoma lazima awe amekaa na mlima miaka mingi ndipo atambue kilichobadilika. Ndiyo maana kumpoteza mtaalamu mwenye uzoefu ni hasara kubwa kuliko kupoteza mashine.

Kuna GPS zilizofungwa kwenye mwamba, zinazoweza kuonyesha kwamba ardhi imesogea kwa milimita. Kuna setilaiti za rada, kama Sentinel-1 ya Ulaya, ambazo hupita juu yetu kila baada ya siku kadhaa na kulinganisha picha ya leo na ya safari iliyopita. Rada hupenya mawingu, jambo muhimu kwa mlima unaofunikwa na ukungu muda mwingi. Setilaiti nyingine huona joto la kasoko. Kuna vifaa vinavyosoma mwanga wa anga kupitia moshi na kukadiria tani za dioksidi ya salfa zinazotoka kwa siku, ila hivyo haviwezi kufanya kazi usiku. Na kuna kazi ya miguu: timu hupanda na kupima joto la nyufa, kwa mfano upande wa Shaheru, kasoko ya kale kwenye ubavu wa kusini wa Nyiragongo, na Munigi, kwa sababu ufa uliopoa kwa miaka kisha ukaanza kupanda joto una habari ya kutupa.

Kwa nini lava ya Nyiragongo inakimbia hivyo, wakati nyingine hutembea polepole?

Kwa sababu ya kemia yake. Lava ya Nyiragongo ina silika kidogo sana, na silika ndiyo inayofanya lava iwe nzito na ya kunata. Ikikosekana, lava hutiririka kama mawese yaliyochemka. Mnamo tarehe 10 Januari 1977 ubavu ulipasuka na ziwa la lava likamwagika lote kwa muda usiofika saa moja. Kwenye mteremko wa juu kasi yake ilikadiriwa kufika kilomita 60 kwa saa, na vijiji vilikumbwa kabla watu hawajatoka nje. Idadi ya waliokufa inabishaniwa hadi leo, kutoka makumi hadi mamia.

Mteremko ukipungua na lava ikianza kupoa, kasi hushuka sana. Ndani ya mji, mwaka 2002, watu wengi waliweza kutembea mbele ya lava wakiwa wamebeba godoro. Hatari ya kasi iko zaidi kwa ndugu zetu wa Kibati, Mujoga na vijiji vya juu.

Mbona mwaka 2021 hatukuambiwa chochote?

Hili ndilo swali linaloulizwa kwa uchungu zaidi, na linastahili jibu kamili.

Jioni ya Jumamosi tarehe 22 Mei 2021 mlima ulipasuka. Wengi walijua kwa kuona anga. Kwa saa kadhaa kulikuwa na mkanganyiko hata kuhusu mlima gani uliolipuka, maana wengine walisema ni Nyamulagira na lava inaenda hifadhini. Usiku huo lava ilikata barabara ya Rutshuru, ikameza nyumba upande wa Buhene, ikasimama karibu na uwanja wa ndege. Watu zaidi ya 30 walikufa, na familia maelfu zilipoteza nyumba.

Ni kweli kwamba OVG ilikuwa katika hali mbaya. Msaada wa Benki ya Dunia ulikuwa umekwisha mwaka 2020, na kwa miezi kituo hakikuwa hata na intaneti ya kupokea data ya vituo vyake. Hilo ni aibu yetu sote, serikali na wafadhili, kwa mji ulioko mahali kama hapa.

Lakini watafiti walipochambua rekodi zote baadaye, pamoja na picha za rada, walikuta jambo gumu zaidi kulipokea. Hakukuwa na dalili kubwa iliyopuuzwa. Ardhi haikuwa imevimba, mitetemeko haikuwa imeongezeka kwa namna ya kutisha. Dalili za wazi zilianza chini ya saa moja kabla ya lava kutoka. Sababu iko kwenye umbo la mlima wenyewe. Volkano nyingi zimezibwa, kwa hiyo magma inayopanda hulazimika kuvunja mwamba, na uvunjaji huo huonekana kwa siku au wiki kwenye sismografu. Nyiragongo ilikuwa wazi. Lava ilikuwa tayari juu, ndani ya kasoko, ikisukuma kuta kwa uzito wake mwaka baada ya mwaka. Kilichotokea ni ukuta kuchoka na kupasuka.

Mwaka 2002 hali ilikuwa tofauti. Miezi kabla ya mlipuko wa tarehe 17 Januari mitetemeko iliongezeka na moshi ukaonekana upande wa Shaheru, na wataalamu wa Goma, akiwemo mwanajiofizikia Dieudonné Wafula, walitoa onyo wakiwa na mashine chache mno na nchi ikiwa vitani. Kwa hiyo mlima huohuo unaweza kutoa miezi ya dalili, au dakika. Mpango wowote wa mji unaotegemea kwamba tutaambiwa siku tatu kabla ni mpango wa nusu.

Lava ilikuwa imesimama. Kwa nini siku tano baadaye tuliambiwa tuhame?

Kwa sababu hatari ilikuwa imehamia chini ya miguu yetu. Baada ya tarehe 22 mitetemeko ilianza kutembea kuelekea kusini, kutoka mlimani hadi chini ya mji na kisha chini ya ziwa. Nyumba zilibomoka Goma na Gisenyi, ng'ambo ya mpaka nchini Rwanda, nyufa zilifunguka barabarani. GPS na rada zilionyesha ardhi ikitanuka. Hapo hakukuwa na shaka: magma ilikuwa imejipenyeza kwenye ufa mrefu wa takriban kilomita 25, na sehemu fulani ya ufa huo ilikuwa mamia tu ya mita chini ya mji.

Magma hiyo ingetoka mjini, lava ingeanzia kati ya nyumba. Ingetoka chini ya maji, kulikuwa na hofu ya mlipuko wa mvuke na ya gesi za ziwa. Tarehe 27 Mei gavana wa kijeshi, Constant Ndima, alitangaza kuhama kwa kartie 10 kati ya 18 za Goma. Karibu watu 400,000 waliondoka kwenda Sake, Minova, Rutshuru, Rwanda, na kwa meli hadi Bukavu. Magma haikutoka, na mwezi wa Juni watu walianza kurudi.

Nimewasikia wengi wakisema tulihamishwa bure. Siwezi kukubaliana nao. Uamuzi hupimwa kwa kile kilichojulikana asubuhi ile, na kilichojulikana ni magma chini ya nyumba za watu. Lililostahili kulaumiwa ni jinsi tulivyopokelewa Sake, bila maji, bila vyoo, bila mahema ya kutosha. Mtu aliyelala barabarani na mtoto mchanga hatakimbia haraka safari ijayo, na hilo nalo ni hatari ya volkano.

Rangi nne za tahadhari zina maana gani?

Kijani: mlima uko katika shughuli zake za kawaida, na kwetu kawaida ni pamoja na moshi na mwanga. Njano: vipimo vimebadilika, kaa macho, fuata taarifa. Rangi ya machungwa: mlipuko unawezekana ndani ya muda mfupi, kuwa tayari kuondoka. Nyekundu: mlipuko umekaribia kabisa au umeanza, fuata amri ya mamlaka.

Kwa yaliyotokea 2021, usitegemee kwamba rangi zitapanda ngazi kwa ngazi. Zinaweza kuruka kutoka njano hadi nyekundu kabla hujamaliza kula.

Wanajuaje kwamba kartie fulani iko hatarini kuliko nyingine?

Wanaanza na yaliyopita. Kila mkondo wa lava wa zamani umechorwa: wa 1977, wa 2002 uliofunika takriban asilimia 13 ya mji na sehemu ya uwanja wa ndege hadi ziwani, wa 2021, na mingi ya kale ambayo leo imejengwa juu yake. Kisha wanachukua ramani ya miinuko na mabonde, na kompyuta inamwaga lava ya kubuni kutoka kwenye matundu mengi yanayowezekana, mara maelfu, na kuhesabu ni mara ngapi kila eneo linaguswa. Matokeo ni ramani ya uwezekano. Juu yake wanaweka walioko: nyumba, shule, hospitali, stesheni za mafuta, barabara. Kartie yenye uwezekano wa wastani lakini yenye watu waliobanana na njia moja tu ya kutokea inaweza kuwa na hatari kubwa kuliko shamba lililo njiani kabisa mwa lava.

Kosa la kawaida ni kudhani lava lazima itoke kileleni. Mwaka 2002 nyufa zilishuka kutoka upande wa Shaheru hadi maeneo ya Munigi, karibu kabisa na mji. Na ukitazama vizuri, Mlima Goma ulio karibu na bandari, na Lac Vert upande wa Bulengo, ni volkano ndogo za kale zilizolipuka pale magma ilipokutana na maji. Kwa hiyo anayekaa Himbi akijiona yuko mbali na mlima hajaona ramani yote. Munigi, Buhene, Majengo na mazingira ya uwanja wa ndege yanabaki kuwa njia ya lava inayojulikana zaidi, lakini hakuna kartie ya Goma iliyo nje ya ramani.

Ramani hizi zinapaswa kuwa ukutani katika kila shule na kila ofisi ya kartie. Ninaisema kwa msisitizo kwa sababu viwanja bado vinauzwa na watu wasiowahi kuziona.

Kwa nini wasitoe tarehe ya mlipuko ujao?

Kwa sababu haipo. Wanaweza kusema uwezekano umeongezeka, wasiseme siku. Anayekupa siku, awe na digrii au awe na maono, hana kipimo kinachomwezesha kuijua.

Usiku anga ni jekundu sana. Nikimbie?

Mwanga peke yake, hapana. Ni lava iliyo ndani ya kasoko inayoangaza mawingu, na tuliishi nao kwa miaka mingi kabla ya 2021. Ukiona mwanga unaoshuka ubavuni, au mstari mpya wa moto chini ya kilele, ni habari nyingine: amsha watu.

Mazuku ni sehemu ya kazi ya OVG?

Ndiyo, na naomba sehemu hii isomwe kwa sauti nyumbani, kwa sababu mazuku huua bila mlipuko wowote, mwaka wowote.

Ni gesi ya dioksidi ya kaboni inayotoka ardhini kupitia nyufa. Ni nzito kuliko hewa mara moja na nusu, kwa hiyo hukaa kwenye mashimo, mabonde madogo na mitaro, hasa kati ya Goma na Sake na kando ya ziwa. Haina rangi na haina harufu ya kukuonya. Ikifika asilimia 10 ya hewa, mtu huzimia haraka na kufa. Hujikusanya zaidi usiku na alfajiri, upepo ukiwa umetulia. Mtu mzima anayepita akiwa wima anaweza asidhurike, na mtoto anayemfuata kwa miguu akaanguka. Wanaolala chini, wanaoinama kukata majani ya sungura, wanaochimba choo: hao ndio wanaokufa.

OVG hupima na kuchora maeneo haya, na baadhi yamewekewa vibao. Lakini mazuku mapya hujitokeza, hasa baada ya mitetemeko. Dalili ni wadudu, ndege au panya waliokufa mahali pamoja bila jeraha. Ukimwona mtu ameanguka shimoni, usishuke kumfuata. Familia zimepoteza watu wawili, watatu kwa namna hiyo, kila mmoja akimfuata mwenzake. Mvute kwa kamba au mti mrefu kutoka juu.

Vita vilipowaleta wakimbizi kwa maelfu upande wa Bulengo na Lac Vert, mahema yalipigwa kwenye ardhi ambayo wenyeji huiepuka. Mgeni hajui. Ukiwa mwenyeji, mwonyeshe.

Ziwa Kivu linaweza kulipuka?

Lina gesi nyingi kweli: takriban kilomita za ujazo 300 za dioksidi ya kaboni na 60 za methani, zikihesabiwa kama gesi iliyo nje ya maji, hewani. Zimeyeyuka ndani ya maji ya chini na kubanwa na uzito wa maji ya juu, kwa sababu ziwa lina kina cha mita 485. Nchini Kameruni, Ziwa Nyos lilitoa gesi yake mwaka 1986 na kuua watu wapatao 1,700, nalo ni dogo mno mbele ya Kivu.

Ila maji ya Kivu yamejipanga kwa matabaka yaliyotulia, na lava iliyoingia ziwani mwaka 2002 haikuyavuruga. Mlipuko mkubwa chini ya maji ni jambo jingine, ndiyo maana Mei 2021 wataalamu walilitazama ziwa kwa wasiwasi. Ghuba ya Kabuno, karibu na Sake, huangaliwa peke yake kwa kuwa gesi yake iko karibu sana na uso. Upande wa Rwanda, methani inavutwa na kutengenezwa umeme tayari.

Maji ya mvua yana shida gani?

Moshi wa volkano hubeba salfa, klorini na floridi. Mvua ikipita humo inakuwa na asidi, inachoma majani ya maharage na migomba, inakula mabati. Upepo mara nyingi huupeleka moshi magharibi, kuelekea Rusayo, Sake na Masisi. Floridi ikizidi katika maji ya kunywa, meno ya watoto hupata madoa ya kahawia, na baada ya miaka mingi mifupa hudhoofika.

Moshi ukiwa mwingi au majivu yakianguka, funika tanki na bidoni, acha mvua ya kwanza ioshe bati kabla ya kukinga, osha mboga vizuri, na maji ya kunywa yatoke kwingine. Kuchemsha hakuondoi floridi. Kunaua vijidudu tu.

Niko Bukavu. Yananihusu?

Lava haitakufikia. Yanayokuhusu ni matetemeko, kwa sababu Bukavu iko kwenye bonde la ufa lilelile: tetemeko la tarehe 3 Februari 2008, la ukubwa wa 5.9, liliua watu Bukavu na hasa upande wa Rwanda. Pia ziwa ni letu sote, na Goma ikihama, meli hufika kwenu.

Vita vinaathiri uangalizi?

Sana. Miteremko ya mlima imekuwa na makundi yenye silaha kwa miaka. Kuna vituo ambavyo fundi hawezi kuvifikia kwa miezi, na betri na paneli za sola zimeibwa mara nyingi. Anayeng'oa betri ya kituo ili awashe taa nyumbani huenda hajui kwamba amezima sikio lililokuwa likimlinda. Pale ambapo wanakijiji wamepewa kazi ya kulinda kituo na wakaelezwa kinafanya nini, kifaa hudumu zaidi.

Nimesikia kwenye WhatsApp kwamba mlima mwingine umelipuka. Niamini?

Mwishoni mwa Mei 2021 ilitangazwa kwamba Murara imelipuka, na watu waliokwisha kuchoka wakaanza kukimbia tena. Habari hiyo ilikanushwa. Subiri usikie redio mbili tofauti, au mpigie chifu wa kartie. Ila ukiona lava kwa macho yako, usisubiri redio yoyote.

Ikitokea usiku, nifanye nini?

Yaliyotayarishwa kabla ndiyo yatakayosaidia. Kadi ya uchaguzi, vyeti vya watoto na dawa za wagonjwa viwe ndani ya mfuko mmoja wa plastiki karibu na mlango, pamoja na tochi, redio ndogo na maji. Familia ikubaliane sehemu mbili za kukutania, moja upande wa Sake na moja upande wa Gisenyi, kwa sababu hujui lava itakata mji wapi. Kila mtoto awe na karatasi yenye jina lake, jina la mzazi na namba ya simu. Mwaka 2021 watoto wengi walipotezana na wazazi wao katika msongamano, na wengine walichukua wiki kupatikana.

Ondoka kwa kwenda pembeni, mbali na njia ya lava. Usikimbie mbele yake kufuata mteremko, na usijifiche bondeni. Kama unaweza kutembea, tembea: baadhi ya waliokufa 2021 walikufa barabarani, katika ajali za magari na pikipiki zilizokuwa zikikimbia. Mgonjwa na mzee wapewe pikipiki kwanza, na chukudu, ile baiskeli ya mbao ya kubebea mizigo, ibebe mtu kabla ya mali.

Usikaribie stesheni ya mafuta. Siku chache baada ya lava ya 2002, makumi ya watu waliungua walipokuwa wakichota mafuta kwenye stesheni iliyozungukwa na lava ya moto. Na usivuke lava kwa kuwa imekuwa nyeusi juu. Ndani bado inawaka na inatoa gesi. Wapo waliokufa mwaka 2021 wakijaribu kuvuka ili kurudi kuona nyumba zao.

Naweza kujenga tena juu ya lava ya 2021?

Sehemu kubwa ya Goma imejengwa juu ya lava ya zamani, na kuta zetu nyingi ni mawe yake. Kwa hiyo swali halihusu ugumu wa jiwe. Lava nene hubaki na joto ndani kwa miezi na hata zaidi, na gesi huendelea kupanda kupitia nyufa zake, ikijaa kwenye vyumba vya chini na mashimo ya vyoo. Kabla ya kuchimba msingi, uliza ofisi ya kartie kama eneo limeruhusiwa, na omba OVG ipime gesi. Ukijenga, acha matundu ya hewa chini ya kuta, usilaze watoto sakafuni, na usifunge njia ya jirani: kwenye sehemu nyingi za Buhene njia hiyo nyembamba kati ya nyua mbili ndiyo pekee inayofika barabara kuu.